Kichwa cha Mali: Habari za Faida na Hasara kwa Mia

Leo nataka kuwaeleza habari za hesabu moja ambayo wanafunzi wengi huiogopa, na ambayo watu wazima wengi hudhani wanaijua. Ndiyo hesabu ya faida na hasara kwa mia, ambayo vitabu vya siku hizi huiita asilimia. Lakini sitaanza na kanuni. Nitaanza na mbuzi wawili.

Nilipokuwa kijana wa shule, mjomba wangu alikuwa mchuuzi wa mbuzi. Alikuwa akiwanunua vijijini, kisha akiwaswaga kwa miguu mpaka mnadani. Likizo moja nilifuatana naye. Siku ile aliuza mbuzi wawili, na bei zao nitazitaja kwa kadiri ya siku hizi ili hesabu ifahamike. Kila mbuzi alimwuza kwa Sh. 96,000. Wa kwanza alikuwa amemnunua kwa Sh. 80,000. Wa pili alimnunua kwa Sh. 120,000, maana siku ile alikuwa na haraka, na mwenye haraka huuziwa ghali.

Mjomba alikuwa hakusoma sana, lakini habari za "kwa mia" alizipata kwa madalali. Tulipokuwa njiani kurudi akacheka, akaniambia, "Mpwa wangu, mbuzi wa kwanza kanipa faida ya ishirini kwa mia. Wa pili kanitia hasara ya ishirini kwa mia. Ishirini imekula ishirini. Leo tumetoka sawa." Nami, niliyekuwa nimeshinda mtihani wa hesabu mwaka ule, nikamjibu, "Naam, Mjomba, tumetoka sawa."

Tulipofika nyumbani, mkaza mjomba akazitandaza fedha mkekani, akazihesabu. Asubuhi, kabla ya mbuzi wale kununuliwa, alikuwa ametoa katika mkebe wa akiba Sh. 200,000. Sasa mbele yake palikuwa na Sh. 192,000. Akauliza, "Elfu nane ziko wapi?" Mjomba akaapa ya kuwa hakuonja hata tone la pombe. Mkewe akanigeukia mimi, msomi wa nyumba, akanitaka nishuhudie. Nilijua ya kuwa Mjomba hakunywa, maana sikuachana naye mchana kutwa. Lakini sikuweza kueleza fedha zilikokwenda. Nikanyamaza, na kunyamaza kwangu kukamfanya Mjomba aonekane mwongo mbele ya watoto wake.

Basi elfu nane zile zilikwenda wapi? Ili tujibu vema, yatupasa kwanza kuijua asili ya hesabu hii, ilitoka wapi na ilitungwa kwa haja gani. Maana jambo likijulikana lilivyozaliwa, halina tena mahali pa kujificha.

MIA YA WARUMI

Zamani sana, katika dola ya Rumi, alitawala Kaisari Augustus, aliyefariki mwaka wa 14 baada ya Kristo. Katika zamani zake, vitu vilivyouzwa mnadani vilitozwa kodi ya sehemu moja katika mia. Mwaka wa 6 aliweka hazina ya jeshi, ili askari wazee wapate malipo yao walipoacha utumishi, na kodi ile ya mnada ikawa ni moja ya mito iliyoijaza hazina hiyo. Watu hawakuipenda. Mwaka wa 15 walimwomba Tiberius, aliyemrithi Augustus, aiondoe. Akakataa, akasema hazina ya jeshi yaitegemea. Mwaka wa 17 akaipunguza nusu, ikawa sehemu moja katika mia mbili.

Lakini Warumi hawakuwa na desturi ya kupima kila kodi kwa mia. Kodi ya urithi ilikuwa sehemu moja katika ishirini. Nayo kodi ya kuuza watumwa, biashara ile ya aibu, ilifika sehemu moja katika ishirini na tano. Sasa niambieni, wasikilizaji: ipi ni nzito, moja katika ishirini au moja katika ishirini na tano? Kila mwaka nawauliza wanafunzi wangu wa chuo cha walimu swali hili, na kila mwaka wako wanaojibu upesi, "Ishirini na tano, Mwalimu, maana ni kubwa." Hawakosi kwa ujinga. Wanakosa kwa sababu sehemu hizi mbili hazikusimama juu ya ardhi moja, na jicho haliwezi kulinganisha urefu wa watu wawili ikiwa mmoja amesimama bondeni na mwenziwe kilimani.

Wasimamishe wote juu ya mia, na mara moja jambo linakuwa wazi. Moja katika ishirini ni tano kwa mia. Moja katika ishirini na tano ni nne kwa mia. Kodi ya Augustus ya mnada ni moja kwa mia, na ile ya Tiberius ni nusu kwa mia. Sasa hata mtoto ataziweka kwa taratibu, ndogo mpaka kubwa. Hii ndiyo kazi ya mia. Mia si fedha, wala si mali. Mia ni uwanja sawa ambapo vitu visivyolingana huja kupimana.

KANUNI YA TATU

Lakini mtu atazifikishaje hesabu zake kwenye uwanja huo? Njia yake ilijulikana zamani huko Bara Hindi. Mwaka wa 628 mtaalamu aitwaye Brahmagupta aliandika kitabu cha elimu ya nyota na hesabu, na ndani yake alieleza kanuni iliyoitwa Kanuni ya Tatu, kwa kuwa vitu vitatu hujulikana, na cha nne hutafutwa. Wahindi walivipa vitu hivyo vitatu majina mazuri: cha kwanza waliita kipimo, cha pili tunda, na cha tatu haja. Kanuni yenyewe ni fupi. Zidisha tunda kwa haja, kisha gawanya kwa kipimo.

Tuijaribu kwa mbuzi wa kwanza wa Mjomba. Kipimo ni Sh. 80,000 alizonunulia. Tunda ni Sh. 16,000 zilizozidi alipouza. Haja yetu ni kujua mia ingezaa ngapi. Zidisha 16,000 kwa 100, upate 1,600,000. Gawanya kwa 80,000, upate 20. Ndiyo faida ya ishirini kwa mia.

Sasa mbuzi wa pili. Kipimo ni Sh. 120,000. Tunda lake lilikuwa bovu, yaani hasara ya Sh. 24,000. Zidisha 24,000 kwa 100, upate 2,400,000. Gawanya kwa 120,000, upate tena 20. Ndiyo hasara ya ishirini kwa mia.

Mjomba, basi, hakukosea kuhesabu. Kila moja ya hesabu zake mbili ilikuwa ya kweli. Lakini tazameni vema. Katika hesabu zote mbili haja haikubadilika, ilikuwa mia. Majibu nayo yalilingana, ishirini na ishirini. Kilichobadilika ni kipimo peke yake, na kipimo ndicho ambacho Mjomba alikisahau alipokwisha kupata jibu. Ishirini ya kwanza ilitoka katika elfu themanini, nayo ni elfu kumi na sita. Ishirini ya pili ilitoka katika elfu mia na ishirini, nayo ni elfu ishirini na nne. Toa ndogo katika kubwa, na elfu nane za mkaza mjomba zaonekana.

KIJANA WA PISA KATIKA BANDARI YA AFRIKA

Elimu hii ya Bara Hindi haikukaa huko. Katika karne ya tisa, mjini Baghdad, Muhammad bin Musa al-Khwarizmi aliandika juu ya tarakimu za Kihindi, na katika kitabu chake kingine, kile cha aljebra, akaweka mlango wa mambo ya biashara, unaofundisha namna ya kukipata kitu cha nne kwa vitu vitatu vinavyojulikana. Kutoka huko elimu ilienea katika nchi zote za Waarabu, mpaka ikaifikia pwani ya kaskazini ya Afrika yetu.

Mwishoni mwa karne ya kumi na mbili, katika bandari ya Bugia, ambayo leo imo katika nchi ya Algeria, alikuwako karani Mtaliano aliyesimamia mambo ya forodha kwa ajili ya wafanyabiashara wa mji wa Pisa. Karani huyo alimwita mwanawe Leonardo, aje ajifunze hesabu huko. Kijana akafundishwa tarakimu tisa za Kihindi pamoja na sifuri, akastaajabu kuona jinsi hesabu zilivyokuwa nyepesi kwa tarakimu hizo kuliko kwa herufi za Kirumi. Mwaka 1202 akaandika kitabu kikubwa kwa Kilatini, kiitwacho Liber Abaci, kilichojaa maswali ya bei, ya kubadilisha bidhaa kwa bidhaa, na ya kugawana faida kati ya washirika. Watu wa baadaye walimwita Fibonacci. Neno la Kiarabu sifr aliligeuza kwa Kilatini likawa zephirum, nasi Waswahili tulilichukua neno lilo hilo tukasema sifuri. Kwa hiyo, mwanafunzi, uandikapo sifuri mbili za mia, kumbuka ya kuwa tarakimu hizo ziliingia Pisa kwa kijana aliyezisoma katika mji wa Afrika.

Hazikupokewa bila upinzani. Mwaka 1299 chama cha wabadili fedha wa mji wa Florence kiliwakataza watu wake wasiandike tarakimu hizo katika daftari zao. Ilikuwa bado ni mambo mageni, na tarakimu ni nyepesi kugeuzwa na mkono wa mwivi. Lakini haja ilikuwa kubwa kuliko hofu. Karibu na mwaka 1338, Giovanni Villani, mwandishi wa habari za mji ule, aliandika ya kuwa wavulana elfu moja mpaka elfu moja na mia mbili walikuwa wakijifunza hesabu za biashara katika shule sita. Hawakuwa wana wa wafalme. Wengi walikuwa watoto wa wenye maduka na mafundi, na walipelekwa shuleni kwa sababu baba zao walijua ya kuwa asiyejua hesabu hula hasara bila kumwona aliyempiga.

Ni katika daftari za Waitaliano hao ndipo maneno "kwa mia", ambayo wao husema per cento, yalipokuwa maneno ya kila siku. Waliyaandika mara nyingi hata wakachoka, wakayafupisha. Katika hati moja ya karibu mwaka 1425 yaonekana herufi p na herufi c yenye kiduara kidogo. Polepole, katika mikono ya makarani, ufupisho huo ulibadilika sura, ukawa alama hii tuijuayo leo, %. Mwaka 1478 katika mji wa Treviso kilipigwa chapa kitabu cha hesabu za biashara, na ndani yake Kanuni ya Tatu ilifundishwa kwa watu wote waliotaka kufanya biashara. Mwaka 1494, mjini Venice, mtawa Luca Pacioli akapiga chapa kitabu chake kikubwa, akaeleza namna wafanyabiashara wa mji ule walivyoshika daftari. Mwisho wa hesabu zao walikuwa na ukurasa mmoja ambamo mambo yote yaliingia: faida upande huu, hasara upande huu.

JINA LA KICHWA

Sasa nataka kuwaonyesha jambo lililonifurahisha nilipolifahamu mara ya kwanza. Ile fedha ambayo mtu huanza nayo biashara, Waitaliano waliiita capitale, neno litokalo katika neno la Kilatini caput, yaani kichwa. Waarabu nao waliiita ras al-mal, yaani kichwa cha mali. Mataifa haya mawili yalitofautiana lugha na dini, hata hivyo yalipotafuta jina la fedha ya kwanza, yote mawili yaliona kichwa.

Na sisi je? Sisi tunalo neno hilo tangu zamani, na twalitamka kila siku bila kulitazama. Ni rasilimali. Neno hili ni lile lile la Waarabu, kichwa cha mali, lililokuja pwani yetu pamoja na majahazi. Maneno faida na hasara yalikuja kwa njia hiyo hiyo. Neno ushuru nalo latoka katika neno la Kiarabu lenye maana ya sehemu ya kumi. Na Mwislamu atoapo zaka ya fedha zake, hutoa robo ya sehemu hiyo ya kumi, yaani mbili na nusu kwa mia. Babu zetu wa pwani walizijua sehemu hizi zamani kabla ya shule za leo kujengwa.

Basi kila faida na kila hasara ina kichwa chake. Ukimwona mkia wa mnyama nyasini, usikubali kusema ni mkubwa au mdogo mpaka ujue ni wa mnyama gani. Hali kadhalika ukisikia "ishirini kwa mia," swali la kwanza ni hili: mia ya nini?

Swali hili lilijibiwa vema katika mkataba mmoja uliohusu pwani yetu. Tarehe 21 Septemba 1833, huko Maskati, Sayyid Said alipatana na Edmund Roberts, mjumbe wa Marekani. Merikebu za Marekani zilikuwa zikija kununua pembe za ndovu na sandarusi, na kuleta nguo ya pamba ambayo mpaka leo wazee huiita merikani. Walipatana ya kuwa merikebu hizo zitalipa ushuru wa tano kwa mia. Lakini tano kwa mia ya nini? Ya shehena yote iliyomo merikebuni? La. Mkataba ulisema ni ya shehena iliyoshushwa pwani. Tuseme merikebu ina bidhaa za riale 10,000, na imeshusha za riale 4,000 tu. Ushuru wake ni riale 200, wala si riale 500. Neno moja lile, "iliyoshushwa," lina thamani ya riale 300. Mwaka 1839 Waingereza walifanya mkataba wao na Sayyid Said, na mwaka 1844 Wafaransa, nao kwa ushuru uo huo wa tano kwa mia.

Fedha zetu zenyewe nazo zilikuja kuifuata mia. Rupia ya zamani ilikuwa na pesa 64, na kutafuta moja kwa mia ya rupia moja kulikuwa kazi ngumu, maana hapakuwa na sarafu ndogo kiasi hicho. Mwaka 1904 serikali ya Wadachi katika Tanganyika ya wakati ule iliigawanya rupia yake katika heller 100, na katika neno hilo twapata neno letu hela. Upande wa Waingereza rupia iligawanywa katika senti 100 mwaka 1906, na shilingi iliyoanza mwaka 1921 ikafuata njia hiyo. Tangu hapo moja kwa mia ya shilingi ikawa ni senti moja. Siku hizi senti ni adimu kuonekana, lakini wazee wetu walijifunza hesabu ya mia kwa kuishika mkononi.

MAMBO MATATU YA KUSHIKA

Sasa, wasikilizaji, nataka mshike mambo matatu.

La kwanza: kitafute kichwa, na ukitafute kizima. Mtu amenunua gunia la mahindi kwa Sh. 50,000, akaliuza mjini kwa Sh. 66,000. Atajisifu, "Nimepata elfu kumi na sita juu ya elfu hamsini, yaani thelathini na mbili kwa mia." Lakini amelipa nauli ya gari Sh. 8,000, na mpagazi pamoja na ushuru wa soko Sh. 2,000. Kichwa cha mali yake si elfu hamsini, ni elfu sitini. Faida yake ni Sh. 6,000, nayo ni kumi kwa mia. Mtu huyu akila ile thelathini na mbili aliyoihesabu, anakula mbegu.

Hapa wanafunzi huniuliza, "Mwalimu, mbona sisi twahesabu faida juu ya bei ya kununua, na wafanyabiashara wengine huihesabu juu ya bei ya kuuza?" Jibu ni kwamba wote wawili wanaweza kusema kweli, mradi kila mmoja akitaje kichwa chake. Kitu kilichonunuliwa kwa Sh. 80 kikauzwa kwa Sh. 100 kimeleta faida ya Sh. 20. Juu ya bei ya kununua ni ishirini na tano kwa mia. Juu ya bei ya kuuza ni ishirini kwa mia. Fedha ni zile zile. Ukiulizwa katika mtihani, na swali halikutaja jingine, hesabu juu ya bei ya kununua, maana ndiyo rasilimali. Lakini ukiwa mshirika katika duka, uliza kwanza.

La pili: usijumlishe wala usitoe mia mbili zenye vichwa mbalimbali. Hili ndilo kosa la Mjomba na langu. Ndilo pia tundu ambalo wajanja humtia mnunuzi. Mwenye duka anacho kitambaa cha Sh. 40,000. Usiku anakipandisha kwa ishirini na tano kwa mia, kikawa Sh. 50,000. Asubuhi anabandika karatasi mlangoni, "Punguzo la ishirini kwa mia!" Ishirini kwa mia ya elfu hamsini ni elfu kumi, na bei yarudi palepale, Sh. 40,000. Watu wanasukumana mlangoni kununua kwa bei ya jana.

La tatu: hasara ni nzito kuliko faida ya hesabu ile ile. Mwenye Sh. 100,000 akipoteza ishirini kwa mia amebaki na Sh. 80,000. Ili arudi alipokuwa, ishirini kwa mia haitamtosha, maana ishirini kwa mia ya elfu themanini ni elfu kumi na sita tu. Hana budi kupata ishirini na tano kwa mia. Na aliyepoteza nusu ya mali yake hana budi kupata mia kwa mia. Mali ikipungua kichwa, nguvu zake za kuzaa hupungua pia.

Hebu tazameni jambo hili lilivyomtenda Mjomba. Siku ile moja alipoteza Sh. 8,000 katika Sh. 200,000, yaani nne kwa mia. Nne ni kidogo, wala haimnyimi mtu usingizi. Lakini tuseme mtu anarudia kosa hilo kila mnada, akitia fedha zote alizobaki nazo, na kila mara akijiambia ametoka sawa. Mnada wa pili atabaki na Sh. 184,320. Mnada wa kumi atabaki na karibu Sh. 133,000. Theluthi moja ya rasilimali yake na zaidi kidogo imekwenda, naye hajapata hata siku moja ya kusema, "Leo nimepata hasara." Hivyo ndivyo Mjomba alivyoiacha biashara ya mbuzi. Watu walisema amerogwa. Wengine walisema ni ulevi. Mimi nilikuwa shuleni, nikishinda mitihani.

Nilipokwisha kuwa mwalimu, nilirudi nyumbani siku moja, nikaketi na Mjomba na mkewe mkekani. Nikaomba punje za mahindi. Nikamwekea kila mbuzi fungu lake la bei ya kununua, kila punje ikiwa ni elfu moja: punje themanini huku, punje mia na ishirini huku. Kisha nikagawanya kila fungu katika mafungu matano yaliyo sawa, kwa kuwa ishirini kwa mia ni sehemu moja katika tano. Fungu moja la mbuzi wa kwanza lilikuwa punje kumi na sita. Fungu moja la mbuzi wa pili lilikuwa punje ishirini na nne. Nikayaweka ubavu kwa ubavu, nikanyamaza.

Mkaza mjomba akayatazama kwa muda, akazihesabu punje nane zilizozidi, moja moja. Kisha akasema, "Kumbe mia zilikuwa mbili." Akamgeukia mumewe, akamwambia, "Baba Mwanaidi, nisamehe. Hukunywa." Mjomba hakujibu kitu. Alizichukua zile punje nane, akazitia mfukoni mwa kanzu yake.

Tangu siku ile nimewafundisha walimu wengi hesabu hii, na siwaruhusu waanze na alama ya % ubaoni. Nawaambia waanze na punje, au kokoto, au chochote kinachopatikana kijijini, na kila mtoto atakapotamka "kwa mia," wamwulize kwa upole, "Mia ya nini, mwanangu?" Mtoto akizoea kulijibu swali hilo shuleni, akiwa mkubwa ataliuliza mwenyewe, kwenye mizani ya mazao, mlangoni mwa duka, na mbele ya mtu atakaye kumkopesha fedha. Na usiku atakapozitandaza fedha zake mkekani, nyumba yake haitakuwa na sababu ya kugombana.